Kutunga pantuni ya posa: mwongozo kwa washenga, MC na wapenzi wa Moshi na Arusha

Kwa Wamalei, watu wa Malaysia na sehemu za Indonesia, mshenga akishaketi hasemi "tumekuja kuposa". Husogeza mbele sanduku la tambuu, hungoja wenyeji wachukue, kisha hutamka mishororo minne inayoanzia mbali: mto umejaa, jahazi limetia nanga, mvua inanyesha ng'ambo. Ni mwishoni tu ndipo baba mwenye nyumba anajua kwamba anaulizwa habari za binti yake. Naye hajibu ndiyo wala hapana. Hujibu kwa mishororo yake minne.

Ubeti wa namna hiyo ndio pantuni. Wamalei wameutumia kwa karne nyingi kuchumbia, kuposa, kutania na kukataa, na mwaka 2020 UNESCO iliuingiza katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika, kwa maombi ya pamoja ya Indonesia na Malaysia. Kwa Mswahili aliyezoea vina na mizani, nusu ya kazi iko mkononi tayari. Nusu inayowashinda wengi ni mishororo miwili ya mwanzo. Watu huidhani ni pambo, wakaijaza chochote kinachopata kina, kumbe hiyo ndiyo inayomlinda anayeposa na anayeposwa wasiaibike.

Umbo lake

Mishororo ni minne. Wa kwanza una kina kimoja na wa tatu, wa pili una kina kimoja na wa nne. Kina cha kati hakuna. Kwa Kimalei kila mshororo huwa na mizani 8 hadi 12, mara nyingi kwa maneno manne hivi. Miwili ya mwanzo huitwa pembayang, na hapa tutaiita kivuli: inaonyesha kitu cha nje, kama mto, tunda, ndege au barabara. Miwili ya mwisho huitwa maksud, nasi tutaiita kusudi: ndiyo inayosema neno lenyewe.

Pantuni ya mapenzi ambayo karibu kila Mmalei anaijua ni hii:

Dari mana datangnya lintah,
Dari sawah turun ke kali;
Dari mana datangnya cinta,
Dari mata turun ke hati.

Inauliza ruba hutoka wapi, ikajibu kwamba hutoka shamba la mpunga akashuka mtoni. Kisha inauliza mapenzi hutoka wapi, ikajibu kwamba hutoka machoni yakashuka moyoni. Kila mshororo una mizani 9. Tazama kivuli kinavyofanya kazi: ruba hushika kimyakimya na kunyonya damu kabla hujamhisi, na mshairi hajasema popote kwamba mapenzi nayo yako hivyo. Tazama pia kwamba kali na hati zinashirikiana irabu tu. Sikio la Kimalei linaridhika na hapo. Sikio la Kiswahili haliridhiki, kwa sababu maneno yetu karibu yote yanaishia kwa irabu, na kina cha irabu tupu kinapatikana bure. Kwa Kiswahili chukua silabi nzima ya mwisho pamoja na irabu inayoitangulia: mlima na heshima, moyoni na sokoni. Mlima na barua si vina.

Kuhusu mizani, anza na 8 kwa kila mshororo. Hicho ni kipande kimoja cha shairi letu la mizani 16, kwa hiyo hata mzee asiyesoma mashairi atasikia ukikosea. Ukipenda 10 au 12, sawa, ila mishororo yote minne ilingane.

Kuandika moja kutoka mwanzo

Usianze na mshororo wa kwanza. Anza na kusudi, tena kwa maneno ya kawaida: "tumekuja kwa heshima, tunataka tuwe ndugu." Likaze hadi liwe mizani nane na nane:

Tumekuja kwa heshima,
Twaomba kuwa jamaa.

Sasa una vina viwili, -ima na -aa. Chini ya kila kimoja orodhesha maneno unayoweza kuyaona kwa macho ukiwa hapo mahali pa posa. Kwa -ima: mlima, kisima, kilima. Kwa -aa: taa, dagaa, yang'aa. Maneno kama hekima na balaa yaache, hayaonekani kwa macho, na kivuli kisichoonekana hakimfichi mtu.

Jaribio la kwanza la watu wengi wa Moshi litakuwa hivi:

Kilimanjaro ni mlima,
Barafu yake yang'aa.

Hapo kuna kosa la mizani na kosa la maana. Hesabu: Ki-li-ma-nja-ro-ni-m-li-ma, mizani tisa, imezidi moja. Hilo la pili ni baya zaidi: kumwambia mtu wa Moshi kwamba Kilimanjaro ni mlima ni kutomwambia kitu. Kivuli lazima kiwe na tukio, kitu kinachotendeka. Badili:

Wingu laacha mlima,
Barafu yake yang'aa;
Tumekuja kwa heshima,
Twaomba kuwa jamaa.

Mizani nane kila mahali, na sasa kuna uhusiano wa chini kwa chini: wingu limeondoka, mlima uko wazi, nasi tumekuja waziwazi. Mgeni hajausema uhusiano huo. Akiusema, pantuni imeharibika.

Mambo mawili ya kiufundi yanaokoa muda. La kwanza, tumia wakati wa -a- badala ya -na-: "inang'aa" ina mizani nne, "yang'aa" tatu. La pili, angalia herufi m. Katika mlima, mshenga na mtoto, m ni mizani peke yake. Katika mbali na mboga, mb ni sauti moja, haihesabiwi mara mbili. Mkulima wa Kibosho ana mtego wake hapa: mbuni wa kahawa una mizani tatu, m-bu-ni, lakini mbuni ndege wa mbugani ana mbili tu.

Ukimaliza, soma kivuli peke yake kwa mtu asiyejua shughuli yenu. Akikuuliza "mnamposa nani?", umefichua mapema, kiandike upya. Akikuuliza "kwa hiyo?", kiko sawa.

Posa yenyewe, ubeti kwa ubeti

Kwa desturi ya Kimalei hatua ya kwanza ni merisik: wajumbe wachache huenda kuuliza tu kama binti yuko huru, na wakati mwingine huacha pete ya alama. Posa rasmi, meminang, hufuata baadaye. Kwetu mara nyingi mshenga hufanya yote kwa safari moja na barua ya posa mkononi, lakini mpangilio wa Kimalei una faida: swali linaulizwa kabla ya mtu yeyote kujifunga. Hata kama mmekwenda siku moja, tenganisha beti hizo mbili. Uliza kwanza, ngoja jibu, ndipo uombe.

Picha ya ua ni ya kawaida sana kwao: binti ni ua la bustani ya watu, na kijana ni nyuki mkubwa anayelizunguka. Ubeti wa kuuliza kwa familia ya mlimani unaweza kuwa hivi:

Mlima umejifunga,
Wingu lashuka Marangu;
Ua lenu mwalichunga,
Lina mwenyewe, wenzangu?

Mwenyeji asiwe na haraka. Anayejibu vizuri hubaki kwenye mazingira yaleyale ya mgeni, akaongeza kitu cha nyumbani kwake, hapa kihamba, yaani shamba la migomba la ukoo:

Mfereji wa kihamba
Wanywesha migomba yetu;
Ua bado twalipamba,
Lingali uani kwetu.

Baba hajasema "hajaposwa". Amesema pia, bila kujisifu, kwamba mtoto amelelewa: maji yamepitishwa kwenye migomba. Mshenga mwerevu atakisikia hicho na katika ubeti wake unaofuata atashukuru malezi kabla ya kuomba chochote.

Kama binti ameshachumbiwa, pantuni inamsaidia mwenyeji kuliko mgeni. Kwa Arusha, unakopita mto Themi:

Maji ya Themi yapita,
Hayarudi kilimani;
Mwenzenu alishaita,
Na pete iko nyumbani.

Hakuna aliyeaibishwa. Yaliyopita yamepita, na kosa la wageni ni kuchelewa tu. Ndiyo maana mshenga asiondoke nyumbani bila ubeti wa kuagia wa namna mbili, wa kukubaliwa na wa kukataliwa. Huu wa kukataliwa wengi husahau kuutunga, wakabaki kukohoa:

Barabara ya Arusha
Twairudia salama;
Jibu halikutushusha,
Wala hatuna lawama.

Kukataa bila kusema hapana kuna kisa chake maarufu. Sultani wa Melaka alituma wajumbe wapande Mlima Ledang, huko Johor, Malaysia, wakampose binti mfalme anayeishi kileleni. Jibu likaja kwa njia ya masharti: daraja la dhahabu na la fedha kutoka Melaka hadi mlimani, sinia saba za mioyo ya mbu, sinia saba za mioyo ya utitiri, pipa la machozi, pipa la maji ya popoo changa, bakuli la damu ya Sultani na bakuli la damu ya mwanawe. Ilipofika kwenye damu, Sultani aliacha. (Kilele cha Ledang kiko mita 1,276. Arusha mjini ni kama mita 1,400, kwa hiyo muuza magazeti wa pale mnara wa saa yuko juu kuliko binti mfalme.) Mshenga achukue kipimo chake hapo: masharti yakianza kutowezekana, umeshajibiwa. Anayeanza kukadiria bei ya mioyo ya mbu hajaelewa, na kila dakika anayozidi kukaa anamchosha mwenye nyumba.

Fedha usiitie kwenye pantuni ya posa. Tarakimu zibaki kwenye barua na kwenye kikao cha mahari, zisemwe wazi, ziandikwe. Wamalei wenyewe hutenganisha mas kahwin, ambayo ni mahari ya kidini na ni haki ya mke, na fedha za hantaran zinazosaidia gharama za sherehe. Kama mnaposa au mnaposwa na familia ya Kimalei, ulizeni mapema ni ipi inayotajwa, maana kuzichanganya kumezaa ugomvi pasipo sababu. Zawadi zao hupangwa kwenye sinia za idadi ya witiri, na upande wa mwanamke hurudisha zaidi, kwa kawaida sinia mbili juu: wakileta tano, zinarudi saba. Usipeleke sita ukidhani umeongeza ukarimu.

Na tambuu? Sanduku la Kimalei huwa na majani ya tambuu, popoo, chokaa, gambiri na tumbaku, nalo ndilo linalofungua mazungumzo. Kwa familia ya Kichaga au ya Kimeru isiyo na desturi hiyo, usililazimishe. Chai mezani inatosha kuwa alama ya kwamba maneno yanaweza kuanza. Wala usitie jani la isale mahali pa tambuu kwa kutafuta kitu cha nyumbani. Isale linajulikana Uchagani kwa kuombea msamaha na suluhu, na mzee akiliona kwenye posa anaweza kuuliza kosa lililotendeka ni lipi.

Getini na kwenye simu

Kwenye harusi za Kimalei za Riau, Indonesia, msafara wa bwana harusi huzuiwa mlangoni na pande mbili hurushiana pantuni hadi mlango ufunguliwe. Sisi tuna kifungua mlango, na hapo ndipo MC wa Moshi au Arusha anaweza kuanza kuitumia sanaa hii bila woga, kwa sababu kila mtu yuko tayari kucheka. Hapo fedha inaruhusiwa. Tazama lakini jaribio hili:

Geti letu la kufuli,
Funguo zake ni mbili;
Wageni wenye kauli,
Tupeni noti kamili.

Mizani iko sawa, na -uli na -ili si kina kimoja. Tatizo ni kwamba vyote vinaishia na -li, na getini kwenye kelele za matarumbeta masikio yanapata mshindo mmoja mara nne. Kupokezana kwa vina kumepotea. Vina viwili vya pantuni visishirikiane silabi ya mwisho:

Geti letu la kufuli,
Ufunguo mfukoni;
Wageni wenye kauli,
Lipeni, hatuwaoni.

Kwa wapenzi wawili wanaoandikiana WhatsApp, kanuni ni zilezile ila kivuli kiwe kidogo zaidi, kitu cha leo asubuhi. Kijana:

Daladala ya Sakina
Imejaa mlangoni;
Silitaji lako jina,
Nimelificha moyoni.

Binti anayejibu achukue kina kimoja cha mwenzake na kuacha kingine. Hiyo ndiyo inayoonyesha kwamba amejibu kweli, hakunakili ubeti mahali. Hapa amechukua -oni:

Parachichi la sokoni
Huiva kwa kungojewa;
Kama jina li moyoni,
Mshenga ataelewa.

Kijana akisoma vizuri ataona ameambiwa asubiri, na papo hapo ameambiwa alete wazee.

Yanayoharibika ukumbini

Kosa la kwanza ni kusoma mishororo minne kwa pumzi moja. Baada ya mshororo wa pili simama, hesabu hadi tatu kimoyomoyo. Pale ndipo watu wanajiuliza unaelekea wapi. Ukipitiliza, kivuli na kusudi vinaungana na hakuna kilichofichwa. Mshororo wa nne usipandishe sauti. Ushushe, wausogelee wenyewe.

Kosa la pili ni picha isiyo ya watu hao. Kibo haing'ai kwa familia iliyokaa Ngaramtoni. Wao wanatazama Meru. Ubeti wa mbege ni mtamu Rombo na ni aibu mbele ya familia ya Waislamu. Kihamba kitajwe kwa tahadhari: kama ukoo una kesi ya mpaka wa shamba, mfereji wako wa kishairi utawakumbusha baraza la kata. Muulize mtu wa upande ule siku moja kabla.

Kosa la tatu ni kuleta nyingi mno. Tano zinatosha posa nzima: ya salamu, ya kuuliza, ya kuomba, na mbili za kuagia ambazo utatumia moja tu. Ziandike kwenye karatasi moja kwa herufi kubwa, na uzihifadhi kichwani angalau ile ya kuuliza, kwa sababu kuuliza binti ya mtu ukiwa umeinamia karatasi kunaonekana kama kusoma ilani ya mahakama.

Kuna namna moja zaidi kwa aliyekwisha kuzoea, nayo ni pantuni ya mnyororo, pantun berkait. Mshororo wa pili na wa nne wa ubeti mmoja hurudi kuwa wa kwanza na wa tatu wa ubeti unaofuata. Ukiuendeleza ule ubeti wa wingu na mlima, unapata:

Barafu yake yang'aa,
Mito yapata uhai;
Twaomba kuwa jamaa,
Mengine hatuyadai.

Ugumu wake ni kwamba mishororo inayorudi lazima isimame yenyewe mahali papya, kwa hiyo tunga ya pili na ya nne ukijua itasomwa mara mbili. Usiweke humo "lakini", "kwa hiyo" wala jina la mtu. Kwa posa mnyororo wa beti tatu unatosha. Kwa sendofu unaweza kufika nne, ila uhakikishe unausoma kabla ndafu haijaingia ukumbini.